Nampeleka mama Mji Mkongwe Zanzibar: tuchukue mtu wa kututembeza kwa Kiswahili au tutembee wenyewe?

neema_wa_pasua (Moshi)

Habari za saa hizi jamani, wakubwa shikamooni. Naomba mnisaidie mawazo kabla sijatoa hela ya watu, maana hii safari tumechanga ndugu wanne na mimi ndo nimepewa kazi ya kuipanga.

Mama yetu ni mwalimu mstaafu, kafundisha shule za msingi huku Old Moshi mpaka siku ya mwisho, Kiswahili na Historia, na sisi wanae wote tumekaa darasani kwake. Ikifika ile mada ya miji ya pwani alikuwa anachora ramani ubaoni bila kuangalia kitabu, Lamu, Mombasa, Unguja, Bagamoyo, Kilwa, kila mji anauwekea kidoti cha chaki nyekundu, na yeye mwenyewe hajawahi kuingia hata mmoja. Dar amefika kwa misiba na harusi, kuvuka maji hajawahi. Sasa ana miaka 71 na goti la kulia linamsumbua, akitoka mbali na nyumbani anashika fimbo, tukasema tusisubiri tena. Mwezi wa sita shule zikifunga tunaenda siku tatu, mimi, yeye na binti yangu wa darasa la sita.

Sasa swali langu. Sisi wa huku tumezoea kuona wageni ndo wanatembezwa, Materuni kwenye maporomoko, mashamba ya kahawa, mpaka soko la Mbuyuni naona wanapitishwa wamejipanga nyuma ya kijana wetu anamwaga Kijerumani. Sijawahi kuona familia ya hapa hapa Tanzania imelipa mtu awatembeze mji kwa miguu. Kaka yangu mkubwa anasema huko ni kumwaga hela, mji ni mji, unaingia unapiga picha unatoka. Mimi roho inakataa. Mama hataki picha, anataka kuelewa alichokuwa anatufundisha.

Kwahiyo naomba kujua, wapo wanaotembeza kwa Kiswahili toka mwanzo mpaka mwisho? Mtu mwenye goti bovu ataweza? Na nitamtofautishaje mtu wa kweli na yule wa kunizungusha madukani? Walioenda naomba mnieleze kwa kirefu, nasoma zote.

dogo_ngarenaro (Arusha)

Dada Neema hongereni sana kwa kumkumbuka mama, wengi tunasubiri mpaka wazee hawawezi hata kupanda basi.

Mimi nilienda mwaka juzi na washkaji watatu hatukuchukua mtu yeyote, ramani ya simu na miguu yetu basi. Kupotea utapotea tu, vile vichochoro vimejikunja mpaka simu yenyewe inachanganyikiwa, ila mji wenyewe sio mkubwa, ukitembea ukatokea baharini umefika mwisho wa upande mmoja, ukatokea barabara kubwa ya Darajani umefika mwisho wa upande mwingine, unarudi ndani unaanza tena. Shangani tukapiga picha kwenye ile nyumba ya Freddie Mercury, jioni Forodhani urojo, mishikaki, miwa, tukalala. Hiyo hela ya kulipa mtu mnunulie mama samaki.

Ila niseme ukweli kuna kitu kiliniuma. Tulipita kwenye nyumba ya Tippu Tip, yule tajiri wa biashara ya watumwa na pembe za ndovu, mlango mkubwa umechongwa, tumesimama pale kivulini tunakunywa maji karibu robo saa, hatujui ni ya nani. Nimekuja kujua niko Arusha naangalia picha. Kwahiyo kwa mama mwalimu sijui, labda yeye ni tofauti na sisi.

Mangi_wa_Sakina (Arusha)

Hapo mwisho dogo umejijibu mwenyewe. Dada Neema chukua mtu. Na nasema hivi nikiwa mimi mwenyewe naishi kwa kuongoza watalii, mwaka wa kumi na nne huu, kwahiyo upime maneno yangu ukijua natetea kazi ya wenzangu.

Mara ya kwanza nilienda na mke wangu tukashuka kwenye boti, pale pale nje ya bandari kijana akatudaka, mchangamfu, begi la mke wangu kashalibeba, nami kwa vile ni mtu wa kazi hizi hizi nikaona aibu kumhoji mwenzangu. Ndani ya saa moja na nusu tumeingia maduka manne, viungo, picha za kuchora, vinyago, halafu viungo tena. Kanisa la Mkunazini tukaonyeshwa kwa nje. Mwisho bei ikawa nyingine, tukaachana vibaya na mke wangu siku nzima hakuongea. Kule wanaitwa mapapasi, papasi ni mdudu wa jamii ya kupe, ni kama hawa wetu tunaowaita maflaikacha hapa Mnara wa Saa. Sio wote wabaya, wapo wanaotafuta ridhiki tu, lakini mama wa miaka 71 mwenye goti sio wa kumfanyia majaribio.

Mwenye kazi yake ana kitambulisho cha Kamisheni ya Utalii Zanzibar, mwombe akuonyeshe, hatakasirika, mimi nikiombwa changu nafurahi. Ongea nae kwa simu kabla hujatoka Moshi. Mwambie lugha Kiswahili tupu, mwambie kuna mzee ana fimbo, mwambie unataka asubuhi mbili fupi na sio moja ndefu, na maduka hatutaki, tukitaka tutasema. Ulizia viingilio viko ndani ya bei au nje, na mbebe vitambulisho vya taifa maana raia halipi sawa na mgeni sehemu nyingi. Mtoto beba cheti cha kuzaliwa.

Hilo la Kiswahili lishikilie. Nakwambia siri ya kazi yetu, mtu anayetembeza kwa Kiingereza ana maneno amekariri, yale yale kila siku, kituo hiki dakika saba, kituo kile dakika kumi, hata pa kuchekea anapajua. Ukimwambia Kiswahili ile kanda inakatika. Anaanza kukueleza ya bibi yake, nani kauza nyumba, nani kahamia Muscat, dari gani lilianguka masika. Mimi mwenyewe nikipeleka Watanzania Ngorongoro naongea vitu ambavyo mgeni hajawahi kuvisikia kwangu, na sio kwamba nilikuwa namficha.

mzaliwa_wa_kiponda (Moshi)

Assalaam alaykum ndugu zangu. Neema mdogo wangu mimi ni jirani yako, nimeolewa hapa Majengo mwaka wa kumi na tisa huu lakini kitovu changu kimezikwa Kiponda, ndani kabisa ya Mji Mkongwe, kwa hiyo niachie niseme kidogo, na nikizidi unisamehe.

Mama yako ni mwalimu wa Kiswahili, basi huyo mtembezaji mwambie awasomeeni majina ya mitaa. Mgeni asojua lugha Mkunazini kwake ni sauti tu, lakini sie tunasikia mkunazi pale. Forodhani palikuwa na forodha. Sokomuhogo si lazima nieleze. Hamamni ni pale penye hamamu, bafu la watu wote, alojenga Sultani Barghash. Darajani palikuwa na daraja kweli, mkono wa bahari uliingia pale ukaugawa mji, upande huu Mji Mkongwe upande ule Ng'ambo, baadae ukafukiwa ikabaki barabara na jina. Kuna mtaa unaitwa Kajificheni. Mama yako atasimama kila kona aulize kwa nini, na ndivyo inavyotakiwa.

Goti usihofu sana. Mji ni tambarare, hauna vilima kama kwenu Old Moshi, kinachochosha ni mawe na ngazi za ndani ya majumba, zile zimesimama wima, jumba la makumbusho la Kasri mwambie akae chini mtoto apande akamsimulie. Halafu kila nyumba nje ina baraza, benchi la mawe limejengwa na ukuta. Hilo si pambo. Pale ndo watu hukaa, wazee hucheza bao, kahawa hupita, na mvua ikinyesha uchochoro ukawa mto sie watoto tulikuwa tunakwenda skuli kwa kurukia baraza mpaka baraza. Mama akichoka akae, atoe salamu kwanza, hakuna atakaemuinua, pengine ataletewa na maji.

Na milango. Usikubali kuonyeshwa mlango kwa dakika moja ya picha. Mwambie mtembezaji asimame kwenye mlango mmoja tu akusomeeni kutoka chini kwenda juu. Chini mara nyingi pamechongwa samaki au mawimbi, pembeni umepanda mnyororo au mtende, kuna yungiyungi, na kizingiti cha juu pengine aya ya Kurani au mwaka. Ule mti wa katikati unaokutanisha mbao mbili unaitwa mfaa, na mara nyingi ndo uliofanyiwa kazi kuliko pote. Ukiona kizingiti kimenyooka mraba huo ni wa Kiarabu, ukiona umepinda duara juu, mbao zina vipande vipande na misumari mikubwa ya shaba, mkono wa Kihindi huo, kwao ile misumari ilikuwa ya kuzuia tembo asisukume mlango. Unguja hatuna tembo lakini shaba ilibaki kwa heshima ya mwenye nyumba.

Kuta nazo ni mawe ya matumbawe na chokaa, sakafu zimebebwa na boriti za mikoko. Utaona vyumba ni vyembamba na virefu hata kwenye jumba la tajiri, sababu ni boriti, mti wa mkoko haukupi urefu zaidi ya ule, basi chumba hakiwezi kupanuka. Mtoto wako mpe huo mtihani kabla hajaambiwa jawabu.

Beit al-Ajaib, Jumba la Maajabu, msiahidiane kuingia bila kuulizia. Ile nyumba Barghash aliijenga 1883, ndo ya kwanza kwetu kuwashwa umeme, na tarehe 25 Desemba 2020 upande wake mmoja ulianguka, watu wawili wakafa. Siku ile nilikuwa hapa Moshi napika, nilipigiwa simu nikakaa chini sakafuni. Watu wanasema UNESCO, UNESCO, kweli mji umeingizwa kwenye urithi wa dunia mwaka 2000, lakini nyumba hailindwi na karatasi, inataka kupakwa chokaa kila mara, paa lisivuje, maji yakishaingia kwenye chokaa na boriti nyumba inaondoka.

Mama yangu bado yupo pale Kiponda. Nitakutumia namba inboksi, piteni mumsalimie, atafurahi kumuona mwalimu mwenziwe, yeye alikuwa akisomesha chuoni.

wa_himo (Himo)

Mie naomba kuuliza tu, kwanini wote mnakimbilia Zanzibar? Dada kutoka hapo Pasua mpaka Mombasa ni karibu kilomita 300 tu, unapita hapa kwetu Himo, Holili, Taveta, Voi, unashuka. Hakuna boti, hakuna kulala Dar. Mimi naenda kila mwezi kufuata mzigo na nikimaliza mambo yangu natembea Old Town peke yangu kwa raha zangu.

Ngome ya Yesu pale, Wareno wameijenga 1593 mpaka 1596, Waomani wakaizingira 1696 mpaka 1698, hebu fikiria watu wamefungiwa ndani ya ukuta karibu miaka mitatu, njaa na magonjwa. Halafu Muingereza akaifanya jela toka 1895 mpaka 1958. Kuna muongozaji mmoja mtu mzima pale langoni anaongea Kimvita, Kiswahili cha Mombasa, mara ya kwanza nilidhani naelewa Kiswahili mpaka nilipomsikia. Ukitoka unaingia Ndia Kuu, ndia ndo njia kwao, kuna msikiti wa Mandhry wa toka 1570, na huo ndo mji wa Muyaka bin Haji, mama lazima amefundisha mashairi yake.

Na kitu kingine ambacho kwetu sisi wa mlimani ni kikubwa. Yule mmisionari Rebmann aliyeiona theluji ya Kilimanjaro tarehe 11 Mei 1848 wenzake Ulaya wakambishia, alitokea Rabai, jirani tu na Mombasa. Njia aliyopita haiko mbali na hii ninayopita mimi na gari ya mzigo. Na hicho Kiswahili sanifu cha mama, walikaa Mombasa mwaka 1928 ndo wakachagua Kiunguja. Kimvita kilishindwa nyumbani kwake! Mpelekeni mama akaone waliposhindwa na waliposhinda.

Mpakani mnahitaji pasi au hati ya dharura, na kadi ya homa ya manjano muwe nayo.

neema_wa_pasua

Jamani nimesoma nikiwa nimeshika simu kwa mikono miwili. Asanteni. Kaka wa Himo umenitia tamaa, hiyo ya Rebmann nimemsomea mama kwenye simu akasema "mwambie na Krapf alikuwa Rabai", kwahiyo Mombasa itakuwa ya mwakani Mungu akitujalia. Mwaka huu hela imechangwa kwa jina la Zanzibar na mama ameshatangaza kanisani.

Da Kiponda nimepata namba, asante sana dada yangu. Nina maswali mawili tu. Moja, binti yangu ana miaka 11, lile kanisa la Mkunazini kwenye soko la watumwa ni sawa kumpeleka? Ana moyo mwepesi. Pili, boti mwezi wa sita.

mzaliwa_wa_kiponda

Boti mwezi wa sita kusi limeshaingia, bahari inaweza kuchafuka. Chukueni ya asubuhi, ni kama saa mbili za njiani, kaeni chini na katikati, si juu wala mbele, na mama ale kitu kikavu kabla, asipande na tumbo tupu. Tangawizi ya kutafuna. Aangalie mbali, asiangalie simu.

Mangi_wa_Sakina

Mpeleke mtoto. Ila wewe mwenyewe mwandae usiku wa kabla, usimwachie mtembezaji akaanze nae pale pale.

Soko lilifungwa mwaka 1873 Barghash alipobanwa na Waingereza akasaini, na kanisa likajengwa juu ya uwanja huo huo, kwa makusudi. Mbele ya altare kuna duara la marumaru sakafuni, panasimuliwa kuwa ndo palikuwa na mti wa kuchapiwa watu. Kuna msalaba wa mbao uliotokana na mti wa Chitambo, kule Zambia ulipozikwa moyo wa Livingstone kabla ya Chuma na Susi na wenzao kuubeba mwili mpaka pwani. Nje kuna sanamu za watu watano ndani ya shimo, shingoni minyororo, aliichonga Clara Sörnäs mwaka 1998. Hiyo sanamu usipite haraka. Watu wanasimama juu wanaangalia chini, na hao wa chini hawaangaliani.

Kitu kimoja nakuomba, vile vyumba vya chini ya jengo la jirani utaambiwa watumwa walifungiwa mle. Wapo wanahistoria wanaobisha, wanasema jengo lile ni la wamisionari na lilijengwa baada ya soko kufungwa. Muulize mtembezaji wako. Wa kweli atakupa pande zote mbili na hatakasirika, wa kukariri atababaika. Utumwa ulikuwepo na soko lilikuwepo pale pale, hilo halina ubishi, kwahiyo hakuna haja ya mtu kuogopa swali. Na mama mwalimu ataliuliza tu hata usipomwambia.

Halafu muulizie kaburi la Askofu Steere, liko nyuma ya altare. Huyo alikaa akajifunza Kiswahili kwa wenyeji, akaandika kitabu cha sarufi 1870, akakusanya na hadithi. Kwa mwalimu wa Kiswahili hilo ni kaburi la mtu wa kazi yake.

dogo_ngarenaro

Nafuta kauli yangu ya kwanza. Nikirudi tena nachukua mtu.

neema_wa_pasua

MREJESHO. Samahani nimechelewa, tumerudi wiki mbili zilizopita, mama alikuwa na wageni kila siku wanakuja kusikia.

Tulimpata mtu kwa njia ya simu kama Mangi alivyosema, mzee wa makamo, mzaliwa wa Malindi ya pale pale mjini, alipotuona na fimbo ya mama akasema leo tunatembea mwendo wa kahawa. Sikuelewa mpaka tulipoanza. Kila penye baraza nzuri anasimama, anasalimia wenyewe, mama anakaa, yeye anasimulia akiwa amesimama. Asubuhi ya kwanza toka saa mbili mpaka saa nne na nusu tulikuwa tumeona sehemu tano tu na sikuona tumepungukiwa kitu. Duka hatukuingia hata moja mpaka mama mwenyewe alipotaka kanga Darajani, na pale mzee alikaa nje kabisa, akasema mkiniona ndani bei itapanda.

Kwenye mlango nilimwomba mmoja tu tuusome kama Da Kiponda alivyoelekeza. Tulikaa kwenye mlango mmoja karibu nusu saa. Mama alivua miwani akaisafisha na kanga, akaweka kidole kwenye samaki aliyechongwa chini, samaki amefutika upande mmoja kwa miguu na mabegi ya watu, akapanda nae na mnyororo taratibu mpaka fimbo ikamwanguka. Binti yangu akaiokota. Mzee alipotaja mfaa mama akasema hilo neno nimelifundisha kwenye msamiati miaka mingi, sikuwahi kuligusa. Akalirudia mara mbili. Ule mtihani wa vyumba vyembamba mtoto alishindwa, akasema labda ardhi ilikuwa ghali, alipoambiwa boriti akataka kupima kwa hatua kila chumba tulichoingia baada ya hapo.

Pale mbele ya bahari mzee akamsimulia mtoto vita vya tarehe 27 Agosti 1896, meli za Waingereza zimejipanga pale kwenye maji, mizinga imeanza saa tatu asubuhi, kabla ya saa nne kasri limeanguka na vita vimekwisha. Mtoto akauliza waliokuwa ndani walikuwa wangapi. Mzee akanyamaza kwanza, akasema mamia walikufa au kuumia, wengi watu wa kawaida na watumishi, ndo maana mimi sisimulii kwa kucheka kwamba ni vita vifupi. Nilimheshimu sana pale.

Halafu kilichotokea hapo hapo sikukitarajia. Mzee alikuwa anamzungumzia Mathews, yule jenerali Muingereza wa Sultani, mama akamwambia huyo Mathews nyie mnamjua wa huku, sie tunamjua wa kwetu, mwaka 1885 Barghash alimtuma mpaka Kilimanjaro na bendera nyekundu akawasainishe mamangi, na Mangi Rindi wa Moshi alimpokea, na muda huo huo Wajerumani nao wakaja na karatasi zao. Mzee hakuwa anaijua hiyo ya Moshi. Akatoa kidaftari mfukoni akaandika, akamuuliza mama Rindi inaandikwaje. Mama akamtajia herufi moja moja kama yuko darasani. Kuanzia hapo akawa anamwita Mwalimu na mambo yakawa ya watu wawili, sisi tunafuata nyuma.

Mkunazini tulienda siku ya pili. Mtoto aliona ile sanamu akashika mkono wangu hakuuachia mpaka tumetoka getini. Mama aliuliza swali la vyumba vya chini kama Mangi alivyotabiri, mzee akajibu sawasawa, akasema mimi nawaonyesha ili mjue dari fupi na hewa nzito ilivyo, lakini siwezi kuapa kwamba ni hivi vyumba hivi. Kwenye kaburi la Steere mama alisimama peke yake kidogo. Sikumuuliza alikuwa anasema nini.

Kwa upande wa goti, siku ya pili jioni lilivimba, Forodhani hatukuenda, nikafuata urojo nikaleta chumbani. Kwahiyo anayepeleka mzee asiweke kila kitu siku mbili za kwanza, na boti ya kurudi iwe ya mchana sio ya asubuhi. Boti ya kwenda ilitikisika kweli, tangawizi ilisaidia mama, mimi ndo nilitapika.

Kaka yangu aliyesema tunamwaga hela amesikiliza simulizi yote Jumapili mezani, mwisho akauliza Mombasa ni lini. Kaka wa Himo jiandae nitakusumbua na habari za hati ya dharura.

Da Kiponda, kwa mama yako tulikaa kutoka adhuhuri mpaka alasiri, tulipikiwa mpaka tukaona haya. Wamesomana na mama mashairi, huyu anaanza huyu anamalizia. Ametupa mzigo wako, halua kwenye kikapu na chupa mbili za achari ya embe, moja ilivuja kidogo kwenye basi lakini nimeifunga upya. Kesho natoka kazini saa kumi, nikuletee hapo Majengo au utapita Pasua? Mama anasema upite, ana maswali ya mitaa ambayo tulisahau kuuliza.